Ninavyoandika ujumbe wa biashara wenye kisa ndani yake

Kazi yangu ni kuandikia wauza pembejeo: SMS za wateja, maelezo ya bidhaa, barua za kwenda AMCOS, yaani vyama vya ushirika vya wakulima. Hapa nitatumia mfano wa mifuko isiyopitisha hewa ya kuhifadhia mahindi, ile yenye nailoni mbili ndani na kiroba nje. Ni bidhaa ambayo sifa haziisaidii hata kidogo. Mkulima ameshaambiwa "bora" na "ya kisasa" na kila aliyemuuzia dawa ya ghalani, na dumuzi, mdudu wa ghalani, bado anamtafunia mahindi.

Kabla ya kuandika chochote naomba muuzaji anipe namba ya mteja aliyerudi kununua mara ya pili. Aliyenunua jana ana matumaini tu, hana kisa. Nikimpata namuuliza alifunga lini, alifungua lini, mahindi yake yalikuwaje mwezi kama huo kabla hajaijua mifuko, na siku ya kufungua aliona nini. Hilo la mwisho ndilo ninalolichimba. Akisema "yalikuwa mazuri tu", bado sina kitu. Naendelea: ulitia mkono hadi chini? Kulikuwa na unga? Dumuzi huacha unga anapotoboa punje, kwa hiyo maneno "hamna unga chini" yanamtosha mtu yeyote aliyewahi kufungua gunia lililoliwa. Sivumbui mteja, na jina la aliyepo silitumii bila ruhusa yake. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, na hata isingekuwepo, kijijini watu wanajuana.

Kisha natafuta hatua iliyofanya jambo lifanikiwe, na hiyo haikatwi hata nafasi ikibana. Kwa mifuko hii ni kukausha. Mfuko ukifungwa vizuri, wadudu walioko ndani humaliza hewa ya oksijeni na kufa, lakini mahindi mabichi yakifungiwa humo yanaota ukungu na kuingiwa na sumukuvu, sumu inayotokana na ukungu. Ujumbe usiotaja kukausha utauza msimu mmoja, halafu mteja atarudi na mfuko unaonuka. Kwenye maelezo marefu naongeza na kipimo cha chumvi: tia mahindi na chumvi kavu kwenye chupa kavu ya kioo, tikisa, acha itulie. Chumvi ikiganda kwenye kuta za chupa, rudisha mahindi juani.

SMS niliyopewa nirekebishe mara nyingi huwa hivi: "Ndugu mteja, tunayo furaha kukujulisha kuwa tunayo mifuko bora ya kisasa kwa bei nafuu. Karibuni sana." Ninayoirudisha ni hii:

"Mteja wetu wa Kibaigwa alikausha mahindi, akafunga Agosti. Machi akafungua: punje nzima, hamna unga chini. Mifuko ipo dukani. Jibu NDIYO na idadi tukuwekee."

Hakuna neno la kusifia. Miezi miwili iliyotajwa inafanya kazi yote, maana kila mkulima anajua mahindi ya Agosti yanavyokuwa Machi. Mwishoni kuna jambo moja tu la kufanya. Ukimwambia apige simu, afike dukani na pia awaambie majirani, hatafanya hata moja.

Ujumbe huo una herufi 156 pamoja na nafasi. Kikomo cha SMS moja ni 160. Ukizidi, unagawanywa vipande vya herufi 153 na unalipia kila kipande. Mtego mbaya zaidi ni ile alama ya juu kwenye ng'ombe au kung'oa. Ukinakili maandishi kutoka kwenye programu ya kuandikia, alama hiyo huja imepinda, na ikiingia moja tu kikomo kinashuka hadi 70. Ujumbe wa herufi 156 unakuwa vipande vitatu, gharama mara tatu, na macho hayaoni tofauti. Vikatuni vya kucheka navyo hufanya hivyo hivyo. Nabadilisha alama zote ziwe za kunyooka kabla ya kutuma.

Barua ya AMCOS ni tofauti kidogo. Chini ya YAH (mstari wa "yahusu") nafuta "Husika na kichwa cha habari hapo juu" na kuanza na ombi lenyewe: mifuko mingapi, ikae ghala gani, chama kilipe lini. Kisa kinakuja aya ya pili, sentensi tano au sita, kisha bei. Wengi hutanguliza kisa wakidhani ndiyo ufundi, lakini mjumbe wa bodi asiyejua anaombwa nini husikiliza kwa wasiwasi, akisubiri bei. Na nasema husikiliza kwa sababu barua kama hizi mara nyingi husomwa na katibu kikaoni, kwa sauti. Kwa hiyo naisoma kwa sauti mwenyewe kwanza. Sentensi inayonikata pumzi naigawa, na tarakimu ndefu naiandika jinsi itakavyotamkwa.