Gennaro, na mkato mmoja

Leo ni tarehe 19 Septemba na sijalipia kahawa. Hapa Napoli, siku ya somo wake, mwenye jina ndiye anayewakirimu wenzake. Baa iliyo chini ya nyumba ninayofanyia kazi ina Gennaro nyuma ya kaunta, na anayeleta mikate ni Gennaro pia. Kila anayeingia anawapa hongera wote wawili, kisha anakunywa cha bure.

Bibi ninayemtunza hakushuka. Tangu asubuhi yuko mbele ya televisheni, anangoja habari za damu.

Wakatoliki wenzangu mnamjua somo huyu kwenye kalenda yetu: Mtakatifu Januari, kwa Kiitaliano Gennaro, askofu wa Benevento, anayesemwa alikatwa kichwa Pozzuoli karibu mwaka 305, enzi za Kaisari Diokletiano. Katika kanisa kuu la hapa kuna vichupa viwili vinavyoaminika kuwa na damu yake iliyoganda. Mara tatu kwa mwaka hutolewa mbele ya watu, ikitazamiwa iyeyuke: mwanzoni mwa Mei, leo, na tarehe 16 Desemba, kumbukumbu ya mlipuko wa volkano ya Vesuvio wa 1631. Kumbukumbu ya kwanza iliyoandikwa ya damu hiyo kuyeyuka ni ya 1389. Kanisa lenyewe linajihadhari, halijatangaza kuwa ni muujiza. Bibi hajihadhari hata kidogo. Damu ikikawia, anamtukana mtakatifu.

Nilipomsikia mara ya kwanza nilifanya ishara ya msalaba. Anamwita "faccia gialluta", uso wa manjano, kwa sababu sanamu yake ya kifua, ya mwaka 1305, imepakwa dhahabu. Kumbe ni desturi ya mji. Kanisani kuna wanawake wazee wanaohesabiwa kuwa jamaa za mtakatifu. Wanakaa mbele, wanasali kwa sauti, na akichelewa wanamkaripia kama kijana aliyerudi nyumbani usiku wa manane.

Ukijua habari za 1527 hutashangaa. Mji ulikuwa umebanwa na tauni na vita. Tarehe 13 Januari mwaka huo wawakilishi wa Napoli waliweka nadhiri mbele ya mthibitishaji wa hati: wewe tulinde, sisi tutakujengea kapela. Wakaandikiana na mtu aliyekufa zaidi ya miaka 1,200! Ujenzi ulianza 1608, na mpaka leo kapela hiyo na hazina yake ya vito inasimamiwa na walei kwa niaba ya mji. Kwa hiyo bibi akifoka, anadai haki iliyomo kwenye hati. Hata 1799, damu ilipoyeyuka mbele ya majenerali wa Kifaransa waliouteka mji, watu wa mfalme walimwona msaliti, na kwa muda heshima ya msimamizi wa mji akapewa Antonio wa Padua. Bibi anaisimulia aibu hiyo utadhani alikuwepo.

Jina lenyewe ni kongwe kuliko Ukristo. Kwa Kilatini ni Ianuarius, yaani wa Janus, mungu wa Warumi wa milango na mianzo, mwenye nyuso mbili, yuleyule aliyeupa mwezi wa Januari jina lake. Hapa hakuna anayejali. Gennaro ni Napoli, basi, na hapo ndipo ugomvi wa nyumba hii ulipoanzia.

Marehemu mume wa bibi aliitwa Gennaro. Kwa desturi ya huku, mtoto wa kwanza wa kiume huchukua jina la baba wa baba yake. Mwana wa bibi anaishi Milano, mkewe ni wa hukohuko, na mwezi ujao wanatarajia mtoto wa kiume. Mkwe anataka Leonardo, jina ambalo kwa miaka kadhaa sasa limeongoza orodha ya watoto wa Italia. Anasema Gennaro darasani Milano atajulikana ametoka wapi kabla hajafungua mdomo. Ana hoja, maana watu wa kaskazini wana mizaha yao juu ya watu wa kusini. Ila mimi nimebeba jina la mama yake baba, msinitegemee kuwa mwamuzi wa haki.

Wakapatana: Leonardo Gennaro. Bibi akatulia siku chache, mpaka mwenye baa alipomweleza sheria. Italia inaruhusu majina yasiyozidi matatu, lakini yakitenganishwa kwa mkato, vyeti huonyesha la kwanza peke yake. Yasipotenganishwa, yote huandikwa.

Damu imeyeyuka leo, mapema tu. Bibi hakungoja hata mizinga ya kuitangaza ipigwe, akaniomba simu. Mwanawe alidhani anapigiwa apewe habari njema. "Bila mkato," bibi alimwambia, na alipoanza kujitetea akamrudia tena, mara hii kwa Kinapoli. Mkwe bado hajajibu.