Leseni Yangu ya Minnesota Ilivyogeuka Kuwa ya Texas

Katikati ya Februari 2023 tulihama Brooklyn Park, kando ya Minneapolis, tukaelekea Houston, safari ya karibu kilomita 1,900 ambayo mimi na mume wangu tulipokezana usukani kwa siku tatu. Mume wangu alikuwa ametangulia tangu Desemba kwa ajili ya kazi, akapanga nyumba kwa jina lake, akafunguliwa umeme na maji kwa jina lake, kisha akarudi kunichukua. Nayaeleza haya mapema kwa sababu jambo hilo la jina lake kuwa kwenye kila karatasi ya nyumba ndilo lililonigharimu asubuhi nzima na machozi kidogo.

Kabla sijafika nilikuwa nimekwisha kupewa ushauri wa kutosha kujaza gunia. Shemeji yangu aliniambia kwamba Marekani ni nchi moja, kwa hiyo leseni ya Minnesota niiache imalize muda wake ndipo nihangaike. Dada mmoja Mkenya tuliyekuwa tukifanya naye kazi alisema nitakalishwa upya kwenye mtihani wa maandishi na wa barabarani, jambo lililoninyima usingizi. Mwingine, ambaye ni mtu wa heshima zake na aliyeishi Texas miaka mingi, alinihakikishia kwamba leseni ndiyo inayotangulia na gari hufuata baadaye kwa nafasi yake. Wote watatu walinitakia mema, na wote watatu walikosea.

Ukweli ni kwamba leseni ya udereva ni mali ya jimbo. Texas humpa mgeni aliyehamia siku 90 za kuendesha kwa leseni halali ya jimbo alikotoka, na siku 30 tu za kusajili gari lake. Aliyetimiza miaka 18 na anayekabidhi leseni ya jimbo jingine ambayo haijaisha muda hafanyi mtihani wa maandishi wala wa barabarani. Maneno "ambayo haijaisha muda" ndiyo yenye uzito, na ndiyo sababu ushauri wa shemeji uliniudhi zaidi baadaye, kwa kuwa laiti ningeufuata, ningejiharibia haki ambayo tayari nilikuwa nayo mkononi.

Wiki ya tatu baada ya kufika niliamka saa kumi usiku nikaenda kupanga foleni nje ya ofisi moja ya leseni mjini Houston, kwa kuwa miadi ya mtandaoni iliyokuwa wazi ilikuwa ya mbele sana, nami nilikuwa nimesikia kwamba nafasi chache za siku hiyohiyo hutolewa kwa wanaowahi. Hilo lilikuwa kweli. Nilipata namba, nikakaa kwenye kiti cha plastiki nikiwa na bahasha yangu: grinikadi (kadi ya ukaazi wa kudumu ya asiye raia), kadi ya hifadhi ya jamii, leseni ya Minnesota, mkataba wa pango, bili ya umeme, na barua ya mwenye nyumba iliyosema kwamba mimi ni mke wa mpangaji. Nilijiona nimejiandaa kuliko wote waliokuwa mle ndani.

Karani alizipanga karatasi zangu mezani kimyakimya, kisha akaanza kuzirudisha moja moja upande wangu. Mkataba wa pango haukuwa na jina langu. Bili ya umeme haikuwa na jina langu. Barua ya mwenye nyumba haikuwa miongoni mwa nyaraka zinazokubalika. Ninahitaji, akasema, nyaraka mbili za kuthibitisha makazi, kila moja ikitoka mahali tofauti, na zote zikiwa na jina langu na anwani yangu ya Texas. Nikamwambia kwamba nimeishi hapa wiki tatu tu. Akanijibu kwamba anayekabidhi leseni ya jimbo jingine hadaiwi kuthibitisha kwamba ameishi Texas siku 30, ila nyaraka mbili hazikwepeki. Halafu akaniuliza swali ambalo hakuna mshauri wangu hata mmoja aliyewahi kulitaja: "Una gari?" Nikasema ninalo, la kwangu, limelipiwa lote. "Basi lisajili kwanza Texas, uje na karatasi za usajili na bima." Ikawa imekwisha. Nilitoka nje jua likiwa limeshapanda, nikakaa ndani ya gari lenye namba za Minnesota, na sikuwasha injini kwa muda mrefu.

Hasira ilipotulia, nilifanya jambo ambalo ningepaswa kulifanya Januari: niliusoma mwenyewe mwongozo wa jimbo wa nyaraka zinazokubalika, mstari kwa mstari. Humo nikakuta kitu kilichonifanya nimwite mume wangu kutoka chumba cha pili. Katika orodha ya uthibitisho wa makazi, pamoja na mikataba ya pango na bili, kulikuwa na usajili halali wa gari wa Texas, na vilevile hati ya sasa ya bima ya gari. Maana yake ni kwamba zile karatasi mbili ambazo karani alinidai kwa sababu ya gari ndizo hizohizo zingenithibitishia makazi. Sikuhitaji kuingizwa kwenye mkataba wa pango wala kusubiri bili ianze kuja kwa jina langu. Gari langu lingenitolea ushahidi.

Basi nikaanza upya kwa mpangilio sahihi. Bima ilitangulia. Minnesota kila mwenye bima hulipwa kwanza na bima yake mwenyewe anapoumia, bila kujali nani mwenye kosa. Texas aliyesababisha ajali ndiye anayebeba mzigo, na kiwango cha chini cha bima ni dola 30,000 kwa mtu mmoja aliyeumia, 60,000 kwa ajali nzima na 25,000 kwa mali ya watu. Kwa hiyo bima ya zamani haihamishwi kwa kubadili anwani tu, bali huandikwa upya. Hakikisha jina lako ndilo lililoandikwa humo kama mwenye bima, na anwani iwe na namba ya nyumba hadi namba ya chumba.

Ukaguzi wa gari ulinishikilia kwa siku nne. Wakati ule ilibidi likaguliwe usalama wake na moshi wake pia, kwa sababu Houston imo katika Kaunti ya Harris. Tangu tarehe 1 Januari 2025 Texas imeondoa ukaguzi wa usalama kwa magari ya watu binafsi, ila upimaji wa moshi katika Harris na kaunti nyingine za miji mikubwa umebaki palepale. Gari langu lilikuwa zima, lakini lilikataliwa. Siku mbili kabla, mume wangu alikuwa amenibadilishia betri iliyochoshwa na baridi za Minnesota, na betri ikitolewa, kompyuta ya gari husahau vipimo vyake vyote vya moshi. Kipimo hakioni ubovu, ila hakioni chochote, na gari lisilosomeka halipiti. Fundi alinishauri niliendeshe siku chache, barabara kuu na za mitaani kwa kuchanganya, nikiliacha lipoe kabisa usiku. Niliendesha hadi Galveston na kurudi, nikaiona bahari ya Ghuba ya Meksiko kwa mara ya kwanza, na mtoto wa Tanga akiiona bahari baada ya miaka tisa ya maziwa yenye barafu hawezi kuharakisha. Siku ya nne lilipita.

Ofisi ya kodi ya kaunti ndiyo inayosajili magari Texas, siyo ofisi ya leseni, na wengi hupotea hapo. Nilikwenda na fomu iliyojazwa, hati ya umiliki ya Minnesota ambayo sisi nyumbani tungeiita kadi ya gari, ripoti ya ukaguzi na bima mpya. Nililipa karibu dola mia mbili kwa jumla, na ndani yake mna dola 90 za kodi ya mgeni anayeingiza gari lake jimboni. Nikatoka na vibao viwili vya namba, stika ya kubandika kwenye kioo cha mbele, na stakabadhi yenye jina langu na anwani yangu ya Houston. Ilikuwa siku ya 27 tangu tufike. Stakabadhi ile niliinakili mara tatu.

Ikabaki miadi. Ramadhani ilikuwa imeingia, na kila nilipoamka kula daku nilifungua ukurasa wa miadi, kwa sababu wanaoahirisha huachia nafasi zao na nafasi hizo hazikai. Katika usiku wa tano au wa sita nikatambua kwamba nilikuwa ninajifunga bure kwa kutafuta Houston peke yake. Mkazi wa Texas anaweza kuhudumiwa katika ofisi yoyote ya leseni ndani ya jimbo. Nikaandika msimbo wa posta wa mji mdogo ulioko mwendo wa saa moja na nusu kutoka kwetu, na papo hapo nikaona siku zilizo wazi, nyingine za wiki ijayo. Nilichagua siku ya wiki iliyofuata Idi ili nisiende na swaumu. Wenzangu kadhaa wametumia njia hii tangu hapo, na mmoja wao, mama kutoka Bukavu anayeishi Dallas, aliokoa miezi miwili.

Ofisi ile ilikuwa na watu sita. Karani, mama wa makamo, alizipokea karatasi zangu na kuzipanga kama yule wa kwanza, lakini safari hii hakurudisha hata moja. Usajili wa gari aliuhesabu mara mbili, kama usajili na kama makazi; bima vilevile. Hati ya mshahara niliyoibeba kama akiba haikuguswa. Majina yangu matatu yalilingana herufi kwa herufi katika grinikadi, kadi ya hifadhi ya jamii na leseni ya zamani, kwa sababu nilikuwa nimeyasawazisha nikiwa Minnesota. Kwa Mtanzania ambaye jina la babu huonekana kwenye kadi moja na kupotea kwenye nyingine, kazi hiyo ifanyike kabla ya kuhama.

Katika fomu ya maombi kuna jambo ambalo naliandika kwa uzito wote. Inauliza kama wewe ni raia wa Marekani, na kama wewe ni raia, ungependa kuandikishwa kupiga kura. Mwenye grinikadi ajibu hapana kwenye maswali yote mawili. Nimemsikia mtu akiwaambia wageni kwamba kukubali kunaonyesha uzalendo na kwamba hakuna anayesoma. Ushauri huo ni wa hatari kuliko yote niliyowahi kupewa. Kudai uraia usio wako ni kosa linaloweza kukufungia mlango wa uraia na hata kukuondoa nchini, na kisingizio cha kutoelewa Kiingereza huenda kisikusaidie. Usome mstari huo mara mbili, na ukiona karani amejaza kwa niaba yako, usitie sahihi kabla hujaukagua.

Nikapimwa macho, nikachukuliwa alama za vidole gumba, nikapigwa picha, nikalipa dola 33 kwa leseni ya miaka minane. Kisha akaniomba leseni ya Minnesota. Kuna waliokuwa wamenishauri niseme imepotea ili nibaki nazo zote mbili. Sikuweza, na sioni faida yake, kwa kuwa kukabidhi leseni hiyo ndiko kulikonivusha bila mtihani. Hata hivyo niliishika sekunde chache zaidi ya ilivyohitajika. Niliipata nikiwa na miezi michache nchini, nikijifunza kusimamisha gari juu ya barafu, na ndiyo iliyokuwa kadi ya kwanza ya Marekani yenye picha ambayo niliitafuta kwa jasho langu mwenyewe.

Nilipewa karatasi ya muda ya kuendeshea. Inatosha barabarani, lakini ulinzi wa uwanja wa ndege hauikubali kama kitambulisho, kwa hiyo aliye na safari karibu ahakikishe ana pasipoti au grinikadi mkobani. Leseni yenyewe ilikuja kwa posta baada ya siku kumi na saba, ikiwa na nyota ya dhahabu kwenye kona ya juu kulia, alama ya kwamba yenyewe hukubaliwa uwanja wa ndege. Niliifungua bahasha nikiwa bado nje mlangoni, nikasoma jina langu herufi kwa herufi, kisha anwani, kisha tarehe. Tangu tufike zilikuwa zimepita siku 88.