Siku bibi aliposoma majina ya Tengeru

Desemba 2017 nilikuwa Łódź, Polandi, nasoma lugha yao kabla ya kuanza chuo, na Krismasi ilipokaribia wenzangu darasani karibu wote wakatawanyika, mwenye shangazi Ujerumani kaenda, mwenye rafiki Warsaw kaenda, mimi nauli sina nikabaki kwenye chumba nilichopanga kwa bibi mmoja mjane, ghorofa ya tatu. Mwanae anaishi Uingereza na mwaka ule alikosa likizo. Kwahiyo tulikuwa wawili tu ndani ya nyumba, na saa tisa na nusu mchana giza linaingia, baridi ile ya kukaa kwenye mifupa, yani ukitoka Arusha mwili hauelewi kabisa kinachoendelea.

Tarehe 23 jioni akanigongea mlango. Nilikuwa namwita Pani, ndo heshima yao, siku hiyo akasema niache, nimwite Babcia, maana yake bibi. Akaniambia kesho ni Wigilia, mkesha wa Krismasi, na pierogi hazipikwi na mtu mmoja.

Wale ambao hamjaziona, pierogi ni unga wa ngano umesukumwa, ukakatwa duara, ukawekwa kitu katikati, ukakunjwa nusu na kubanwa kingo, halafu unachemshwa. Za nyama zipo, za viazi na jibini zipo, ila mkesha wa Krismasi wao hawagusi nyama, kwahiyo za siku hiyo ni kabichi chachu na uyoga mkavu. Kabichi yenyewe alikuwa ameichachua mwenyewe tangu Oktoba, amekata nyembamba, kila kilo moja kaweka kama gramu 20 za chumvi, kaiponda mpaka ikatoa maji yake, kaishindilia kwenye chungu na kuweka jiwe juu, na karoti kidogo. Sisi Wameru tuna loshoro, maziwa mgando tumekua nayo, ila mboga ya majani kuchachushwa kwa makusudi ikaliwe baridi yote mpaka Machi, hiyo nilikuwa sijawahi kuiona. Alipofunua harufu ilinipiga. Nilipoonja nikarudia, nikarudia tena.

Uyoga aliuloweka usiku kucha, alikuwa ameokota mwenyewe msituni na kuutungia kwenye uzi kama shanga ukaning'inia jikoni. Asubuhi ukachemshwa na maji yake yale yale, kabichi ikakamuliwa, ikapikwa taratibu karibu saa nzima, kitunguu kikakaangwa pembeni mpaka kikawa kahawia, vyote vikakatwa katwa vidogo vikachanganywa na pilipili manga. Hapo alikazania kitu kimoja, kwamba mchanganyiko lazima ukauke na upoe kabisa. Mimi nikaona tunachelewa, nikaanza kujaza ungali na joto na majimaji, kundi la kwanza nililotumbukiza mwenyewe kwenye maji zikapasuka nusu yake, kabichi ikaelea sufuria nzima. Nilitaka kulia, maana najua ile kabichi ilikuwa ya toka Oktoba. Babcia hakusema neno, alichukua kijiko chenye matundu akaopoa kabichi yote akaiweka kwenye bakuli, akasema hii tutakula kesho, akaniwekea glasi mkononi nikate maduara mengine.

Unga ndo ulinirudisha nyumbani. Nusu kilo ya ngano, chumvi, mafuta vijiko viwili, na maji ya moto, ya moto kweli, kama ya chapati laini, halafu unafunikwa bakuli upumzike nusu saa. Mama yangu anauza sambusa soko la Tengeru, kwetu karibu na mji wa Arusha, Jumamosi, mimi nimekunja sambusa tangu niko darasa la tatu, kwahiyo alipoanza kunionyesha kubana ukingo, vidole vyangu vikawa vinajua tayari. Ukingo ukiguswa na mafuta ya ndani haushiki, hilo ni lile lile hapa na kule. Akanitazama mikono akauliza nimejifunzia wapi, nikamwambia kwa mama, Tengeru.

Akauliza Tengeru ni wapi, na hapo nikakumbuka yale makaburi.

Ukitokea Tengeru huwezi kukosa kuyajua. Mwaka 1942 na kuendelea waliletwa pale Wapolandi, wengi wao kina mama na watoto, ni wale ambao Warusi waliwahamisha kwa nguvu mwaka 1940 na 1941 kuwapeleka Siberia na Kazakhstan, walipoachiwa wakapita Iran, wakapanda meli mpaka pwani yetu, wakapandishwa Arusha. Walifika karibu 5,000. Walikaa kwenye nyumba za duara za udongo, wakawa na kanisa, shule, na mashamba, wakaondoka taratibu mpaka kambi ikafungwa 1952. Waliofia pale wamelala pale, makaburi karibu 150, yamezungushiwa ukuta, na tukiwa wadogo tulikuwa tunaenda kusoma majina kwenye mawe na hakuna aliyeweza, tunatamka hivyo hivyo yalivyoandikwa.

Babcia habari za Siberia alizijua, ila alisema enzi zake shuleni hazikuwa zinasemwa, na kwamba kuna waliofika Afrika hakuwahi kusikia. Nikamtumia meseji kaka yangu. Yeye alikuwa karibu, akaenda na simu, baada ya saa moja hivi picha zikaanza kuingia moja moja, maana mtandao ulikuwa unasuasua.

Babcia akafuta unga mikononi, akavaa miwani, akasoma. Kwa sauti, polepole, jina kwa jina. Mimi nilikuwa nimeshajifunza darasani kwamba L yenye mkato inasomwa W, na W inasomwa V, na sz ni kama sh ya shamba, nilijua kanuni zote lakini sikuwahi kuzipeleka kwenye yale mawe. Nilisimama pale na unga kwenye vidole nasikia majina niliyoyapita toka utotoni yakitamkwa kwa mara ya kwanza kama mtu anaita mtu ndani ya nyumba. Kuna moja ilikuwa ya mtoto. Alisoma mwaka wa kuzaliwa na wa kufa, akanyamaza, akarudia jina. Halafu akaniuliza kama kuna anayefagia pale, nikamwambia yupo mlinzi, panafagiliwa, na maua yapo.

Tukamalizia kukunja. Zilitoka 58, nilihesabu. Meza ikatandikwa kitambaa cheupe chenye nyasi kavu chini yake, tukamegeana kile kimkate chembamba chao na kutakiana heri, na ikawekwa sahani ya tatu, ambayo kwa desturi yao huwekwa mkesha ule kwa ajili ya mgeni asiyetarajiwa. Pierogi zilikaangwa kidogo kwa siagi na kitunguu. Chachu ya kabichi, uyoga unaonukia msitu, ule unga laini, mpaka leo nikizipika sijawahi kuzifikisha pale.

Kabla ya kulala nikamwomba ayasome tena nirekodi. Nikamtumia mama, kwao ilishakuwa saa nne usiku. Akasikiliza, akapiga simu, hakusema chochote kuhusu majina kwa muda, nasikia tu anavuta pumzi, halafu akaniambia nimpe huyo mama shikamoo yake, na kesho atapita kule na maua akitoka kanisani. Kisha akauliza, mlizijaza nini? Nikamwambia kabichi iliyochacha. Akanyamaza kidogo, akauliza, iliyochacha kwa siku ngapi?