Kabari niliyoipachika kinyume

Chupa ya chai ndo ilianza. Ilikuwa imekaa kwenye siti ya katikati imefungwa vizuri tu, tumeshatoka Tengeru tunaitafuta Usa River, mshale umegusa 70, nikasikia kikombe chake cha juu kinaimba trrrrrr, alafu sakafu ikaanza kuniwasha nyayo, alafu siti, alafu kwenye kioo nikaona lori la nyuma yangu limekuwa malori matatu. Nikashusha hadi 55, kimya. Nikapandisha tena, 65, 70, trrrrrr. Tanboi wangu akaniangalia, mi nikakazia macho barabara kama sijasikia kitu, maana gari ilikuwa imetoka gereji jana yake na nilishajisifu kwa kila mtu.

Hiyo ni 2016. Gari yenyewe ni Hilux dabo kebini ya zamani, ile ngumu ya springi za pleti mbele na nyuma, kazi yake kupeleka mizigo ya safari za mlima, mahema, mitungi ya gesi, masufuria, na wapagazi wanne watano juu yake, kutoka Arusha hadi Londorossi, lile geti la upande wa magharibi la Kilimanjaro. Anayeijua ile njia anajua, ukishapita Sanya Juu ukaanza kuusogelea msitu na mvua za masika zimenyesha, udongo unakuwa sabuni na mitaro ya malori inakuwa mirefu kuliko tumbo la gari yako. Masika ile nililala tumbo mara mbili. Mara ya pili nikavutwa na trekta, na bei aliyonitajia yule mwenye trekta sitaisema hapa, mke wangu anasoma.

Basi nikaamua kuinyanyua. Nikapeleka kwa machalii fulani, wakaongeza pleti moja kila springi, nyuma wakachonga shakli mpya (vile vyuma vinavyoshikilia mwisho wa nyuma wa springi kwenye chesi) ndefu kuliko za mwanzo kwa inchi mbili na nusu, tukavika tairi za inchi 31. Nyuma ikapanda kama inchi tatu hivi. Daah, gari ilisimama! Jioni ile nilizunguka nayo Sanawari, Mianzini, nikashuka mpaka Kilombero sokoni bila kununua hata nyanya, ili nionekane tu.

Sasa hiyo trrrrrr. Wa kwanza kulaumiwa ni tairi, si ndo ngeni. Nikabalansi zote nne, fundi tairi akabandika risasi za kutosha, vile vipande vya uzito vya kwenye rimu, nikarudi barabarani, iko palepale. Na ningekuwa na akili ningejua mapema, maana usukani wenyewe ulikuwa umetulia, kilichokuwa kinacheza ni sakafu na makalio, na tairi za mbele zikiwa mbovu huwa unaziona mikononi. Nikahamia kwenye injini. Kwenye mteremko mmoja nikafika 80 nikatia frii nikaacha gari iteleze, injini inanguruma taratibu na mtetemo uko vilevile, kwa hiyo injini haimo. Nikanunua krosi mbili mpya za propela ya nyuma (propela ni lile bomba linalopeleka mzunguko kutoka transfa, boksi la gia la katikati ya gari, hadi difu kwenye ekseli, na krosi ni viungo vya msalaba vinavyoiruhusu ikunjike), nikafunga, nikapiga grisi. Iko palepale, ila sasa mfukoni nimepungukiwa.

Siku moja tukapakia gunia kumi na mbili za viazi kutoka West Kilimanjaro, kitu kinazidi hata uwezo wa gari, na kurudi nazo Arusha gari ikatulia kama maji mtungini. Tanboi ndo aliyesema, "Bosi, ikilemewa inanyamaza." Mi nikamjibu hata wewe ukilemewa unanyamaza. Lakini dogo alikuwa ameshika kitu, mzigo unakandamiza springi, gari inashuka, propela inapunguza kukunjika. Usiku nikalala chini ya gari na tochi ya simu nikaiangalia ile propela, na kweli ilikuwa imeinama kama ngazi.

Hapo ndo nikajifanya msomi. Nikaingia kwenye simu nikaangalia video za Wamarekani, watu wa kunyanyua magari hawa usiwaambie kitu, na wote wananena jambo moja: ukishanyanyua, chukua kabari za chuma, weka kati ya springi na kitako cha ekseli, inua pua ya difu, pale propela inapoingilia, itazame juu kwenye transfa ili krosi ya chini inyooke. Nikasema eeh, hii ndo dawa. Nikaenda kwa fundi wa kukereza vyuma, akanikatia kabari mbili za digrii tatu, urefu sentimita 12, upande mnene umezidi ule mwembamba kwa milimita sita na kidogo, na tundu la kichwa cha senta bolti, ile inayoshika pleti za springi pamoja, katikati. Nikapiga jeki, nikalegeza yubolti zinazobana springi kwenye ekseli, nikazipachika kabari, pua ikainuka, propela na difu vikawa karibu mstari mmoja kwa macho. Nikatabasamu peke yangu chini ya gari.

Kesho yake sikufika hata Tengeru. Ilianza kwenye 45. Haikuwa tena trrrrrr, ilikuwa inapiga kabisa, dashibodi inagonga, kioo kidogo kikageuka chenyewe kikatazama dari. Tukarudi mjini mwendo wa bajaji, na bajaji zilitupita.

Kuna mzee mmoja Unga Limited, gereji yake haina hata kibao, ina shimo na mwembe. Watu walikuwa wananiambia nenda kwa mzee, nami nilikuwa najibu mzee atajua nini kuhusu gari zilizonyanyuliwa. Nikaenda.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba kijana. Imekula wapi?"

Nikamweleza yote, na video nikamuonyesha, nikiwa bado natetea kabari zangu. Akaangalia ile video kwa utulivu, akavaa miwani, akarudisha nyuma, akaangalia tena. Akaniuliza, "Propela ya huyu mzungu ina krosi ngapi?" Nikasema mbili. "Hesabu." Nikahesabu. Tatu. Kule juu kwenye transfa ziko mbili zimebanana sehemu moja, na chini moja. "Haya, na yako?" Yangu ilikuwa na mbili tu, moja juu moja chini, kama Hilux za watu wote.

Akaokota krosi ya zamani yenye masikio yake, akaikunja mkononi akaizungusha polepole mbele ya uso wangu. Anasema krosi moja ikikunjwa haizungushi sawasawa, upande unaoingia unaenda mwendo mmoja lakini upande unaotoka unawahi alafu unachelewa, unawahi unachelewa, mara mbili kila mzunguko, na kadiri unavyoikunja ndo inavyozidi. Ya pili kazi yake ni kufuta makosa ya ya kwanza, ya juu ikiwahi ya chini ichelewe, kama wanawake wawili wanaotwanga kinu kimoja. Sasa zikunjwe sawa, digrii kwa digrii, ndo zitafutana. Yule mzungu ana krosi mbili pale juu zinazofutana zenyewe kwa zenyewe, ndo maana ya chini anainyoosha. "Wewe umemnyoosha mtwangaji mmoja, umemwacha mwenzie anatwanga peke yake."

Nikapiga hesabu baadaye nyumbani, tairi zile kwenye 80 zinazunguka kama mara tisa kwa sekunde, difu inazidisha kama mara nne, ni mizunguko 36 ya propela, na kila mmoja una mitikisiko miwili. Zaidi ya mara 70 kwa sekunde. Si ajabu kikombe kiliimba.

Kipimo chake sasa. Nilitegemea atoe mtambo. Akamwita mjukuu wake wa shule ya msingi, akamwambia lete mkebe. Akatoa protrakta ya plastiki, kwenye kile kitundu cha katikati ilikuwa na uzi wa kushonea na mwisho wa uzi nati ndogo ya namba kumi. Hicho ndo kipimo, unakishikiza kwenye chuma, nati inauvuta uzi, unasoma uzi umesimama wapi. Mi nikashika jeki niinyanyue, akanizuia kwa ukali kweli, "Gari isimame kwa miguu yake!" Ukiinyanyua ekseli inaning'inia na unapima uongo. Hata mi nilipofunga kabari nilikuwa nimeangalia gari ikiwa juu ya jeki.

Akashuka shimoni. Kwanza akahakikisha masikio ya propela ya pande zote mbili yametazama sawa, maana kuna watu wanachomoa pale katikati kupiga grisi alafu wanarudisha jino lolote, akapiga alama ya rangi nyeupe. Akaweka protrakta juu ya bomba la propela: mteremko digrii 10. Tukafungua propela, akaibandika protrakta kwenye uso wa flenji ya transfa, ile sahani inayofungwa propela: 3. Kwenye flenji ya difu: 9. Akaandika kwa chaki kwenye ukuta wa shimo, toa tatu kwenye kumi, saba, hiyo ni krosi ya juu. Toa tisa kwenye kumi, moja, hiyo ya chini. Saba na moja. Akaniangalia tu.

Nikamuuliza kabla sijaweka kabari ilikuwaje. Akasema toa digrii zako tatu, pua ilikuwa 6, kwa hiyo saba na nne. Na hapo ndo nilipoelewa kosa la mwanzo kabisa lilikuwa wapi. Pleti peke yake ingeishusha ekseli imenyooka vilevile, pembe zote mbili zingeongezeka pamoja. Zile shakli ndefu ndo zilisukuma mwisho wa nyuma wa springi chini, springi ikalala, na difu ikainua pua. Mi nikaja na kabari kuinua pua ambayo tayari ilishainuka!

Dawa ikawa kitu cha kuchekesha mpaka niliona aibu. Kabari ni zilezile. Tukafungua yubolti, akazigeuza, upande mnene uliokuwa nyuma ukaja mbele, tukakaza. Akapima tena difu: 3. Transfa 3, difu 3. Saba na saba. Nilikuwa natembea na dawa imefungwa kinyume.

Ila hakunidanganya. Aliniambia saba ni nyingi, gari ya barabarani inatakiwa tatu hivi, na hizo krosi nitakuwa nazinunua mara kwa mara, afadhali nitoe zile shakli nirudishe za zamani alafu tupime upya. Nikasema mzee nitakuja. (Nilienda mwaka mmoja baadaye, krosi imeshakatika, lakini hiyo ni stori nyingine.) Akanisisitiza yubolti nizikaze tena nikishatembea kidogo kwani kabari huwa zinajilaza. Nikamuuliza bei, akasema elfu 25 na daftari la mjukuu.

Tukatoka kujaribu, mzee amekaa siti ya mbele, tanboi nyuma na chupa ya chai mapajani. Tumepita Tengeru, mzee ameshaanza kusinzia. Kikombe kimya. Sakafu kimya. Tunapiga stori na tanboi za Londorossi, nikajiuliza mbona mtetemo hauji, labda bado niko hamsini, na nilikuwa nimezoea vibaya, wiki zote zile nilikuwa siangalii mshale, mwendo nilikuwa nausoma kwa makalio.

Pale Usa River trafiki akatoka nyuma ya mti na mkono juu. Mzee akazinduka. Tochi ilikuwa inasoma 82 kwenye eneo la 50, faini elfu 30, yaani zaidi ya hela ya fundi. Nikamwambia afande, gari ilikuwa mbovu, imetengenezwa leo, sikujua. Mzee akafungua kioo akamwambia, "Huyu anasema kweli." Akaandika vilevile.