Kitabu cha ukoo wetu wa Frere Town: nilipofikia

Sura ya pili nimeivunja. Ilikuwa inaanzia Birmingham, ninakoishi, kwenye ile fomu ya zahanati inayotaka ujaze rangi na asili. Kule natia alama penye Mweusi Mwafrika, mambo yamekwisha. Mombasa, nilikozaliwa, hakuna anayeuliza rangi. Nikitaja jina tu naulizwa: "Jina la kizungu hilo mmelitoa wapi? Kwenu hasa ni wapi?"

Kwetu ni Kengeleni. Hapo ndipo Church Missionary Society, chama cha wamishonari wa Kianglikana, ilipoanzisha Frere Town mwaka 1875, miaka miwili baada ya Sultan Barghash wa Zanzibar kubanwa na Waingereza hadi akafunga soko la watumwa. Watu waliookolewa majahazini, Wayao, Wamakua, Wanyasa, wengi wao wakiwa watoto, waliletwa hapa wakabatizwa na kupewa majina mapya. Waliwakuta Waafrika waliolelewa India, akina William Jones, ambaye mwaka 1885 aliwekewa mikono na Askofu Hannington.

Ajabu ni kwamba barua za misheni hiyo zimehifadhiwa Chuo Kikuu cha Birmingham, mwendo wa basi tu kutoka kwangu. Nimezisoma sana. Homa za wamishonari zimo, ugomvi wao umo. Watoto wetu mara nyingi ni hesabu tu.

Kwa hiyo mwezi huu kazi ni kumrekodi shangazi. Nilipomuuliza habari za majahazi alinikata: "Babu yangu alikuwa mwalimu, mwanangu. Andika ualimu. Huo utumwa unawapelekea Wazungu wako."

Lilinichoma, maana lina ukweli. Wasomaji wangu wa Uingereza hupenda minyororo, na mimi nilikuwa nimewaandalia. Walimu, makarani na makasisi waliotoka Frere Town niliwapa aya moja, nyembamba. Lakini utumwa siufuti. Bila huo hilo jina halielezeki, na shangazi analijua hilo kuliko mimi. (Jirani akizima redio usiku, shangazi huwa anayasimulia yote, ila simu isiwe mezani.)

Tumekubaliana hivi: sura inaanza na babu akiwa darasani, jahazi linakuja baadaye, fomu ya zahanati nimeitupa sura ya tano. Rasimu ataisoma kwanza yeye. Ameshaniambia niichape kwa herufi kubwa, maana hataki kusomewa kama mtoto.