Rade Šerbedžija kaninyima usingizi
Jana usiku nimemtazama tena mwigizaji Rade Šerbedžija kwenye Before the Rain, filamu iliyotwaa tuzo ya Simba wa Dhahabu kwenye tamasha la filamu la Venice mwaka 1994. Humo anaigiza mpiga picha anayerudi kijijini kwao Makedonia baada ya miaka mingi. Ndevu zimemjaa, maneno machache, lakini macho yale! Ilipoisha nilibaki nimekaa gizani, chai imepoa mkononi.

Wengi mnamjua kama Boris, muuza silaha wa kwenye filamu ya Snatch. Mimi nasema jukwaa ndilo lililomlea. Alisomea uigizaji Zagreb, na mwaka 2001 alicheza tamthilia ya King Lear ndani ya ngome kuukuu kwenye kisiwa cha Mali Brijun, Kroatia. Watazamaji huvuka kwa boti, jamani! Natamani sana kuipanda siku moja.