Nilivyomfanya shemeji atii zuio la mahakama

Kiwanja chetu hapa Busia, Uganda, marehemu mume wangu alituachia mimi na watoto. Shemeji alipoanza kujenga ukuta katikati yake nilikimbilia mahakamani, na hakimu akatoa zuio la muda: ujenzi usimame mpaka kesi isikilizwe. Nikadhani yamekwisha. Jumatatu iliyofuata nikawakuta mafundi juu ya jukwaa, wanaendelea.

"Shemeji, hakimu amesema usimame," nilimwambia.

"Mama Rehema, mimi karatasi yoyote sijaiona."

Na kweli hakuwa ameiona. Ilikuwa kwenye mkoba wangu.

Wakili ndiye aliyenifumbua macho, na jambo hili natamani kila mjane alijue. Mtu hatiwi hatiani kwa kudharau amri ya mahakama mpaka ithibitike kuwa amri halali ipo, aliijua, alikuwa na uwezo wa kuitii, na bado hakuitii. Ushahidi wake unatakiwa uwe mzito kuliko wa madai ya kawaida, kwa kuwa mtu anaweza kupoteza uhuru wake. Mimi nilikuwa nimekwama pale pa kuijua.

Tarishi wa mahakama akampelekea nakala yenye muhuri, mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji, akishuhudia. Amri ilikuwa ya Kiingereza, lugha ambayo shemeji haielewi vizuri, basi nikaomba asomewe yote kwa Kiswahili asije akapata pa kutokea. Alikataa kutia sahihi. Haikudhuru: tarishi aliapa kiapo cha maandishi akitaja siku, saa, mahali, waliokuwepo, na huko kukataa kwenyewe. Tangu hapo kila asubuhi nilipiga picha ukuta na kuandika daftarini idadi ya kozi, yaani safu za matofali. Siku aliyosomewa amri zilikuwa 7. Baada ya wiki moja zilikuwa 11.

Nikarudi mahakamani kuomba shemeji awajibishwe kwa kudharau amri, na hizo kozi 4 zilizoongezeka ndizo zilizobeba ombi langu. Kanuni za Mwenendo wa Madai za Uganda, Amri ya 41, kanuni ya 2, zinasema anayevunja zuio anaweza kukamatiwa mali, hata kuwekwa ndani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Wakili wa shemeji alishikilia kwamba zuio lilitolewa kimakosa. Hakimu akamjibu kuwa amri hutiiwa mpaka itenguliwe, na anayeiona mbaya aje mahakamani aombe itenguliwe. Asiitengue mwenyewe kwa mwiko na saruji.

Sikutaka afungwe. Ni baba mdogo wa wanangu, na ndiye aliyeshika jeneza la kaka yake upande wa kichwa. Niliomba abomoe alichoongeza na alipe gharama zangu. Akapewa siku 14.

Siku ya 12 mafundi walewale walirudi na nyundo. Nilisimama na daftari langu hadi wakamaliza. Zikabaki 7, na hizo zinasubiri hukumu ya kesi ya kiwanja.